Mtu wa Vyombo Naye Apewe Fungu

Vikundi vya muziki vya Malindi havifi kwa kukosa sauti. Sauti tunazo, tangu Mambrui hadi Watamu, na kila msimu wa harusi huibuka nyingine. Vinakufa kwa kukosa mtu anayejua mkataba uko wapi, nani alilipwa nini, na wimbo fulani ulirekodiwa kwa makubaliano gani. Kinachouma zaidi ni kwamba mtu huyo mara nyingi tunaye. Ndiye anayeshusha spika kwenye pikapu saa 10 alasiri, ndiye anayekunja nyaya saa 9 usiku, ndiye anayerudi nyumbani amekaa juu ya maboksi nyuma ya gari. Tunamwita kijana wa vyombo. Tunampa cha nauli na sahani ya pilau, na tukiketi kupanga mambo ya kikundi, hatumwiti.

Kwa sababu hiyo nataka tumtazame Neil Aspinall, aliyekuwa dereva wa bendi ya roki ya Beatles na akamaliza maisha yake ya kazi akiwa mkuu wa kampuni yao. Wengi wakisimulia habari zake husimulia bahati: kijana aliyesoma na watu ambao baadaye dunia nzima iliwajua. Mimi naona jambo jingine. Kazi ya barabarani ndiyo iliyomfunza biashara ile, na wanabendi wale wanne, John Lennon, Paul McCartney, George Harrison na Ringo Starr, walikuwa na akili ya kumweka ofisini mtu aliyeijua mizigo yao.

Alizaliwa Oktoba 1941 huko Prestatyn, Wales, kwa kuwa Liverpool, mji wa kwao, wakati huo ilikuwa ikipigwa mabomu ya Wajerumani na mama yake alikuwa amehamishwa. Alisoma shule moja na Paul McCartney na George Harrison, kisha akaingia kwenye uhasibu. Alipanga chumba kwa kina Pete Best, mpiga ngoma wa bendi, katika nyumba ambayo mama yake Pete, Mona, alikuwa amefungua klabu ya muziki kwenye vyumba vya chini. Bendi ilihitaji usafiri. Aspinall akanunua gari kuukuu aina ya Commer kwa pauni 80, akawa anawatoza shilingi 5 kila mmoja kwa kila onyesho. Julai 1961 aliacha uhasibu kabisa, kwa sababu rahisi ambayo kila kijana wa hapa ataielewa: usukani ulimlipa kuliko ofisi.

Siku ya mwisho ya mwaka huo aliwaendesha hadi London, waende wakajaribiwe na kampuni ya rekodi ya Decca. Theluji ilikuwa imetanda, akapotea njia, safari ikala saa 10. Decca wakawakataa. Nalitaja hili kwa sababu ndiyo elimu yenyewe. Aliyekuwa nao garini siku ya kukataliwa haambiwi baadaye kwamba bendi ilikuwa kubwa tangu mwanzo. Anajua iligharimu nini.

Kazi haikuwa kuendesha gari tu. Mtu wa vyombo ndiye anayefika ukumbini kwanza, anayejua mlango wa nyuma, anayemkabili mwenye ukumbi baada ya onyesho na kuhesabu pesa mbele yake. Februari 1964, bendi ilipokwenda Marekani na Harrison akaugua koo, Aspinall ndiye aliyesimama mahali pake kwenye mazoezi ya kipindi cha televisheni cha Ed Sullivan, ili wapiga picha wajue waelekeze kamera wapi. Mashabiki walipozidi kutaka sahihi, zipo nyingi ambazo yeye na mwenzake waliziandika kwa niaba ya wale wanne. Mtu akishafika hapo, anaijua bendi kuliko mwanasheria yeyote.

Agosti 1962 alipitia mtihani mgumu. Meneja wa bendi, Brian Epstein, alimwita Pete Best ofisini akamfukuza, na aliyempeleka Pete kwa gari siku ile ni Aspinall mwenyewe. Pete alikuwa rafiki yake wa damu. Tena mwezi mmoja tu nyuma Mona, mama yake Pete, alikuwa amejifungua mtoto wa Aspinall. Mambo ya ndani ya nyumba ile si yangu kuyahukumu. Ninalojua ni kwamba alitaka kuacha kazi, na Pete aliyefukuzwa ndiye aliyemwambia asiache. Akabaki. Wapo wanaomlaumu hadi leo. Mimi simlaumu, ila naona kwamba tangu siku ile hakuwa tena rafiki anayesaidia marafiki. Alikuwa amechagua kazi, na kazi hiyo aliishika kwa miaka 45 mingine.

Epstein alifariki Agosti 27, 1967, akiwa na umri wa miaka 32 tu. Alikuwa mtu mwaminifu na mwenye jicho la ajabu la kutambua kipaji, lakini baadhi ya mikataba ya wakati wake inaumiza kuisoma. Ule wa bidhaa zenye jina la bendi, yaani fulana, wanasesere, nywele za bandia na kadhalika, uliwapa waliopewa leseni asilimia 90, bendi na ofisi yake wakabaki na 10. Mwaka uliofuata wale wanne wakaanzisha kampuni yao, Apple Corps, wakamwomba Aspinall aiendeshe. Yeye alikubali kwa sharti kwamba ni ya muda, mpaka wampate mwingine. Hawakumpata mwingine.

Hapa ndipo ninapotaka msomaji atulie nami kidogo. Aspinall alisimulia baadaye kwamba alipoingia ofisini hakuwa na karatasi hata moja. Hakujua mkataba wa EMI, kampuni iliyotoa rekodi zao, ulisema nini, wala wa filamu, wala wa wachapishaji wa nyimbo. Bendi iliyokuwa imeuza rekodi kuliko bendi nyingine yoyote duniani haikuwa na nakala za mikataba yake. Zilikuwa kwa mawakili, kwa wahasibu, kwa marehemu. Basi kazi yake ya kwanza kama mkuu wa kampuni haikuwa kubuni mradi mpya. Ilikuwa kutengeneza faili. Kukusanya, kuuliza, kupanga, kujua nini kiko wapi. Ni kazi ileile ya kuhesabu maboksi kabla gari halijaondoka, ila sasa ndani ya maboksi mlikuwa na haki.

Sasa rudi Malindi umwangalie kijana wetu akiwa kazini kwenye harusi. Kabla hajachomeka chochote, anafuta ncha za jeki kwa kitambaa chenye spiriti, maana upepo wetu una chumvi na chumvi hula shaba. Nyaya anazikunja kwa duara pana, zamu moja juu na zamu moja chini, zisije zikajisokota. Anajua kibonye kipi cha kinanda hukwama. Anajua jenereta ya ukumbi gani huzidiwa wapishi wakiwasha friji. Wakati wa kutunza, wageni wanapomjongelea mwimbaji na noti zao, yeye ndiye anayezikusanya, na kesho yake yeye peke yake ndiye anayeweza kusema zilikuwa kiasi gani. Mkataba wa hoteli anao kwenye simu, katika picha aliyoipiga siku ya kutia sahihi. Malipo ya kwanza yamo kwenye ujumbe wa M-Pesa, katikati ya ujumbe wa mkate na wa karo. Kikundi kikienda kupiga Lamu na simu hiyo ikamponyoka gatini Mokowe, ofisi nzima ya kikundi imezama.

Yaani faili tunazo, ila zimo ndani ya mtu ambaye hatujamtambua.

Hasara ya kukosa karatasi tunaijua sisi kuliko wengi. Wimbo wa "Malaika" umeimbwa na Miriam Makeba, na Harry Belafonte, na Boney M, na hadi leo ukiuliza ni wa nani utapewa majina zaidi ya moja. Fadhili William ndiye aliyeupeleka mbali, wengine humtaja Adam Salim, wengine Grant Charo, na wapo wanaomtaja Lucas Tututu wa hapahapa Malindi. Siingii kuamua. Ninachosema ni kwamba ubishi huo umedumu miongo mingi kwa sababu hakukuwa na mtu aliyeandika, siku ile na mahali pale, nani alitunga ubeti gani na nani aliongeza gani. Boney M haohao waliuchukua na "Jambo Bwana", uliotoka mwaka 1982 kwa Them Mushrooms, bendi iliyokulia kwenye hoteli za pwani, wakatoa toleo lao mwaka uliofuata. Nyimbo zetu husafiri. Hazijawahi kuhitaji pasipoti.

Kwenye taarabu hali ilikuwa vivyo hivyo kwa njia nyingine. Kwa miaka mingi harusi ilirekodiwa palepale ukumbini, na kanda ikauzwa madukani Mombasa, Lamu, Unguja, ikanakiliwa na kunakiliwa tena hadi ng'ambo ya Uarabuni. Ndivyo sauti za Juma Bhalo, aliyefariki 2014, na Zein l'Abdin wa Lamu, aliyefariki 2016, zilivyoingia katika nyumba zetu. Tunawaenzi kwa haki. Lakini waulize watu waliokaa nyuma yao na violini na dumbaki katika vikundi vya zama zile kama wana daftari linaloonyesha nani alipiga wimbo gani. Wengi watakuambia wanakumbuka. Kumbukumbu hainakiliwi mahakamani.

Aspinall aliishi mahakamani. Mwaka 1978 kampuni yake iliishtaki kampuni ya kompyuta ya Apple kwa kutumia jina linalofanana. Mwaka 1981 wakasuluhishana kwa dola 80,000, na masharti kwamba wa kompyuta wasiingie kwenye muziki. Waliposogea kwenye sauti, kesi ikarudi, na suluhu ya 1991 ikawa dola milioni 26.5. Kwa EMI vilevile alidai malipo ya rekodi kwa miaka, kesi juu ya kesi. Sasa fikiria: kati ya dola 80,000 na milioni 26.5, bendi haikuwepo. Ilikuwa imevunjika tangu 1970, John Lennon alikuwa ameuawa Desemba 1980, na waliobaki walikuwa na kesi baina yao wenyewe. Hakukuwa na onyesho lolote wala sauti mpya. Kilichokuwepo ni mtu mmoja mwenye karatasi na subira.

Si mara zote alishinda. Mei 2006 jaji wa London aliamua dhidi yake katika kesi ya duka la muziki la mtandaoni la Apple, na mwaka uliofuata jina likabaki kwa wa kompyuta baada ya suluhu. Lakini kilichonigusa kuliko kesi ni jambo jingine. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, bendi ikiwa imekwisha na hakuna aliyetaka kuonana na mwenzake, alianza kukusanya kila kipande cha filamu kilichowaonyesha: mahojiano, viwanja vya ndege, majukwaa, mambo ya nyumbani. Akaviunganisha, vikakaa kabatini. Zaidi ya miaka 20 baadaye, walipokubali tena kuketi pamoja, hazina hiyo ndiyo iliyozaa mfululizo wa televisheni na albamu tatu za Anthology za 1995 na 1996. Mwaka 2000 ikafuata albamu ya nyimbo zao zilizoshika nafasi ya kwanza, ikauza makumi ya mamilioni ya nakala. Mtu wa vyombo hatupi kitu. Waya uliokatika leo utafaa kesho.

Kuna anayeweza kuniambia kwamba si kila dereva ni Aspinall, na ni kweli. Mwenzake, Mal Evans, alikuja 1963 kumsaidia, akabeba ala miaka ile yote, akapendwa sana na wale wanne, lakini hakuvuka. Aliuawa kwa risasi za polisi Los Angeles Januari 1976, akiwa amechanganyikiwa na maisha yamemwendea kombo. Upendo wake kwa bendi haukuwa mdogo kuliko wa Aspinall. Nadhani tofauti ilikuwa kwamba mmoja aliingia garini akiwa tayari anajua vitabu vya hesabu, na bendi ilipokwisha alikuwa na kazi ya kufanya. Mwingine kazi yake ilikuwa bendi yenyewe. Hilo linanifanya niamini kwamba haitoshi kumpenda kijana wetu wa vyombo wala kumpa fulana ya kikundi. Apelekwe akajifunze hesabu. Vyuo vya ufundi tunavyo, na kozi fupi ya kutunza vitabu haizidi bei ya spika moja nzuri.

Na Aspinall mwenyewe alikuwa na kasoro ambayo hatuwezi kuiiga. Alikuwa mzito wa kukubali. Kila jambo lilihitaji ridhaa ya pande nne, yaani McCartney, Ringo Starr, Yoko Ono (mjane wa Lennon) na familia ya Harrison, naye aliona usalama katika kungoja. Nyimbo zao ziliingia kwenye duka la mtandaoni la Apple Novemba 2010, zaidi ya miaka 3 baada ya yeye kuondoka kazini na miaka 2 baada ya kifo chake huko New York, Machi 2008. Beatles waliweza kungoja. Watu walikuwa wanawatafuta. Kikundi cha Muyeye au Maweni kikingoja miaka 10, mwimbaji atakuwa Dubai na mpiga gita atakuwa anauza simu. Kwetu mlinzi wa karatasi lazima awe mwepesi pia wa kuuza.

Nafasi ipo. Bodi ya Hakimiliki ya Kenya husajili kazi za muziki, siku hizi hata kwa mtandao. Haki yenyewe huanza pale wimbo unapoandikwa au kurekodiwa, lakini cheti cha usajili ni ushahidi ambao Fadhili na wenzake hawakuwa nao. Sheria ilirekebishwa mwaka 2022 ili mwenye wimbo apate angalau asilimia 52 ya mapato ya miito ya simu, yaani nyimbo anazosikia anayepiga. Pesa hizo haziendi kwa mwenye sauti tamu, zinakwenda kwa jina lililoandikwa. Na kuandika majina, kujaza fomu, kuhifadhi nakala, kufuatilia mwezi hadi mwezi, nani kikundini ana moyo huo? Mwimbaji? Mwimbaji analala asubuhi, na ni haki yake. Ni yuleyule ambaye hajawahi kusahau waya wa maikrofoni.

Tulilipa bei ya kutokuwa naye miaka ile hoteli zilipofunga. Baada ya mashambulizi ya Mpeketoni Juni 2014, na maonyo ya usafiri yaliyotolewa na nchi za Ulaya, hoteli kadhaa za Malindi na Watamu zilifunga milango, na bendi zilizokuwa zikipiga humo jioni baada ya jioni zikabaki mikono mitupu. Nyingi zilikuwa zimefanya kazi miaka bila rekodi hata moja yenye jina lao. Vyombo vikauzwa kimoja kimoja. Vikundi vingine vilikuwa na malipo ya nyuma ambayo havikuweza kuyadai, kwa sababu makubaliano yalikuwa ya mdomo na meneja aliyeyatoa alishapanda ndege.

Niliyasema haya kwa mzee mmoja mpiga udi, mtu ninayemheshimu sana. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akasema, "Mwanangu, fungu ni la aliyeshika ala. Huyo hata kiitikio hajui kuitikia."

Nikamwambia, "Mzee wangu, wavuvi wa hapa wakirudi na samaki, chombo hakipewi fungu lake? Nyavu hazipewi? Mashine haijui kuvua, na inapewa."

Ndivyo ninavyoona haki ilivyo. Kikundi cha watu 6 kigawe mafungu 7, iandikwe hivyo kabla ya harusi za Rajabu na Shaabani kuanza, na mwenye fungu la saba awe na daftari, nakala za mikataba na ruhusa ya kukaa kikaoni akasema "hapana" pale hesabu isipokubali. Mzee alifikiri kidogo akasema nusu fungu anaweza kulizungumza na wenzake. Nusu haitoshi. Mtu wa nusu fungu ataondoka siku atakapopata tuktuk inayomlipa zaidi, na simu yenye mikataba yote ataondoka nayo mfukoni.